Tanbihi na Mhanga wa Brazili

Ndugu zangu, kubonyeza "Hariri" katika Wikipedia mnajua, sitaanzia huko. Leo ni tanbihi, yaani maelezo mafupi yanayomwonyesha msomaji chanzo cha habari. Naanza na mnyama.

Mwaka 2008 mwanafunzi mmoja wa Marekani aliingia kwenye makala ya koati katika Wikipedia ya Kiingereza. Koati ni mnyama wa Amerika, ana pua ndefu. Kijana akaongeza kwamba huitwa pia "mhanga wa Brazili". Alikuwa anatania. Mhanga, yule mnyama anayekula mchwa, yuko Afrika tu, wala hana undugu na koati! Maneno yale yakakaa bila tanbihi, hakuna aliyeyagusa. Tovuti zikayanakili, magazeti ya Uingereza yakayachapa, hata kitabu. Mwishowe makala ya gazeti la mwaka 2010 ikawekwa kwenye tanbihi kuwa ushahidi. Utani ukapata cheti.

Kuna atakayeniambia, "Lakini mwalimu, si chanzo kilitajwa?" Kilitajwa, ndiyo. Chanzo chenyewe kilichota maji kisima hicho hicho! Ndiyo maana kila siku nawasihi: kabla hujaweka tanbihi, tazama tarehe ya chanzo, kisha fungua historia ya makala uone sentensi iliingia lini. Chanzo kikiwa kichanga kuliko sentensi, shtuka. Tafuta cha zamani zaidi.

Mwingine husema, "Jambo hili nalijua mwenyewe, chanzo cha nini?" Nakuamini. Ila msomaji hakujui, na kesho atakuja mwingine asiyejua kitu aseme hayo hayo kwa ujasiri uleule. Msomaji atawatofautishaje?

Na tafadhali, namba ya ukurasa. Juzi nilikagua makala, tanbihi inataja kitabu cha kurasa zaidi ya 400, basi. Nilikipekua jioni nzima. Habari yenyewe ilikuwa mistari miwili, tena inasema "huenda", wakati makala yetu inasema "ni". Mwandishi angeandika ukurasa, angelazimika kuusoma tena, na lile "huenda" angeliona.

Muda unaniishia. Tanbihi ikae palepale mwisho wa sentensi inayoithibitisha, si mwisho wa aya. Chanzo kimoja ukikitumia mara tatu, kipe jina ukiite tena, usikiandike upya. Viungo vya intaneti hufa, kwa hiyo andika tarehe uliyosoma na uweke nakala kwenye Wayback Machine, hifadhi ya kurasa za intaneti. Wasifu wa watu walio hai tutauzungumza kikao kijacho.

Sasa fungueni kompyuta. Kila mtu achague sentensi moja isiyo na chanzo. Moja tu, nami napita.