Mwenza wa Nani?

Mwenyekiti, asante. Umenipa dakika arobaini. Mara ya mwisho uliponipa dakika arobaini ulinizimia kipaza sauti, kwa hiyo salamu ndefu leo naziacha.

Nyosheni mikono. Mwaka 2015 Edward Lowassa aligombea urais kwa tiketi ya Chadema. Mgombea mwenza wake, yule wa umakamu wa Rais, alikuwa nani?

(Kimya.)

Kijana wa nyuma kule, sema. "Babu Duni." Naam, Juma Duni Haji. Mtu mmoja katika ukumbi mzima, na nusu yenu mnasoma sheria! Alikuwa mtu wa chama cha CUF yule, akalazimika kuhamia Chadema kwa sababu Katiba inataka Rais na Makamu wapendekezwe na chama kimoja, kwa wakati mmoja. Mtu kahama chama ili asimame pale, na jina lake limeshatutoka.

Sasa nirudi 2005. Najua wengine mmeshanisikia. Mtavumilia, nitaisimulia mpaka isikike.

Uchaguzi ulikuwa ufanyike Jumapili, tarehe 30 Oktoba. Nilikuwa msimamizi wa kituo kijijini, huko ndani kabisa Kilosa. Kiapo cha kutunza siri tumeshakula, meza tumeshaazima shuleni, kamba ya foleni imeshafungwa. Siku chache kabla, redio ikatangaza kwamba Jumbe Rajab Jumbe, mgombea mwenza wa Freeman Mbowe wa Chadema, amefariki dunia. Tukasema innalillahi, tukaendelea kufunga kamba. Kumbe sheria ya uchaguzi haikuwa imemaliza: akifariki mgombea wa urais au mwenza wake kabla ya siku ya kura, uchaguzi huo unasimama. Ukasimama. Zanzibar walimchagua Rais wao tarehe 30 kama ilivyopangwa, ila kura ya Muungano ikasogezwa hadi Jumatano, tarehe 14 Desemba. Wiki sita na ushee!

Siku tuliyokuwa tunarudisha meza shuleni, akaja bibi mmoja na kadi yake ya kura kaifunga kwenye pindo la khanga. Nikamwambia, "Bibi, kura mpaka Desemba, kuna msiba." Akauliza nani kafa. Nikamjibu, mgombea mwenza. Bibi akashika kiuno. "Mwenza wa nani? Kwani huyo mgombea ana wake wangapi?"

(Kicheko.)

Chekeni. Mimi nilicheka pia, mpaka aliponiuliza swali la pili: "Haya, huyo marehemu, angeshinda angekuja kufanya nini?" Nikafungua mdomo. Mimi, msimamizi wa kituo, mwenye semina ya siku mbili na kiapo, nikamwambia, "Angekuwa msaidizi, bibi." Akaniangalia, akasema, "Msaidizi ndiye asimamishe nchi nzima?"

Tangu siku ile sina jibu bora kuliko swali lake. Nchi nzima ilisimamishwa na kifo cha mtu ambaye wengi wetu tulilisikia jina lake siku ya tanzia. Sheria ilijua uzito wake. Sisi tulidhani ni picha ya pili kwenye karatasi ya kura.

Na tulifikaje hapo? Zamani Rais wa Zanzibar alikuwa Makamu wa Rais wa Muungano. Vyama vingi viliporudi 1992 likazuka swali: Zanzibar wakimchagua mtu wa chama kingine, itakuwaje? Katiba ikabadilishwa 1994, mwaka uliofuata Benjamin Mkapa akasimama na Dk. Omar Ali Juma. Kanuni ikawa kwamba Rais akitoka upande mmoja wa Muungano, Makamu atoke upande wa pili. Kanuni nzuri, siipingi, na msiende kusema mzee anapinga Muungano. Ninalolalamikia ni kwamba chama kinatafuta upande kwanza, mtu baadaye. Upande ukishapatikana, maswali yanaisha.

Mtaniambia: lakini kachaguliwa na wananchi! Kweli, kwa alama moja ya kalamu, aliyowekewa mwenzake. Angalieni kichekesho. Makamu aliyepatikana kwa nafasi kuwa wazi anathibitishwa na Bunge, kama Dk. Philip Mpango Machi 2021. Aliyekuja na kampeni miezi miwili mizima hata mdahalo mmoja hatumdai.

Machi hiyohiyo, usiku wa tarehe 17, aliyetokea kwenye televisheni kututangazia kifo cha Rais Magufuli alikuwa Makamu wa Rais. Tarehe 19 akaapishwa kuwa Rais. Mikutano ya CCM ya Dodoma ya Julai 2015 ilipompitisha huyo, Samia Suluhu Hassan, kuwa mwenza wa Magufuli, mjadala mtaani ulikuwa kwamba ni mwanamke na ni Mzanzibari. Alikuwa ametoka kuwa Makamu Mwenyekiti wa Bunge Maalum la Katiba, lile lililojadili rasimu ya Katiba mpya! Nani kati yenu alimuuliza anaisimamiaje rasimu ile? Na mwaka 2015 ndipo palipokuwa pa kuuliza, maana Katiba haiitishi uchaguzi mpya Rais akifa, inamwapisha Makamu amalizie kipindi.

Kuna aliyeniletea kikaratasi hapa: "Mwenza huchaguliwa ili alete kura, acha nadharia." Sawa, twende Kenya. Kule mgombea ndiye anayemteua mwenza wake. Mei 2022 William Ruto akamtangaza Rigathi Gachagua, kesho yake Raila Odinga akamtangaza Martha Karua. Wote wawili wa eneo la Mlima Kenya! Kambi ya Raila iliunda hata jopo la kuwasaili waliotaka nafasi, Kalonzo Musyoka akagoma, kisha akaenda. Kura za Mlima Ruto alizipata. Oktoba 2024 Seneti ikamwondoa Gachagua kwenye kiti cha Naibu Rais, akaingia Kithure Kindiki, aliyekuwa akitajwa tangu kinyang'anyiro cha mwanzo. Hesabu ya kura iliisha Agosti 2022. Kukaa ofisi moja kukabaki.

Nilitaka kuwaeleza kifungu cha miaka mitatu, cha Makamu aliyerithi kiti anaruhusiwa kugombea mara ngapi, lakini mwenyekiti ameshaanza kuangalia swichi. Basi. Kisomeni wenyewe, Ibara ya 40 ya Katiba yetu ya Tanzania. Maswali, na aanze kijana wa Babu Duni.