Jina la Tatu ni la Nani?

Wazee wetu, walimu wenzangu, na vijana mliojaza viti vya nyuma: shikamooni wakubwa, hamjambo wadogo.

Nianze na karatasi ambayo kila mmoja wetu ameshaijaza. Iwe fomu ya shule, ya benki au ya pasi ya kusafiria, ina nafasi tatu: jina la kwanza, jina la kati, jina la ukoo. Wengi wetu tunaandika la kwetu, la baba na la babu, tunatia sahihi, tunairudisha dirishani. Lakini babu si ukoo. Babu ni mtu mmoja, aliyezaliwa siku yake, akapewa jina kwa sababu yake. Ninalotaka kusema leo ni kwamba nafasi ile ya tatu imebadilisha namna tunavyorithishana majina, na imefanya hivyo bila sisi kukaa tukashauriana.

Tazameni jina la Rais Samia Suluhu Hassan. Samia ni yeye, Suluhu ni baba yake, Hassan ni babu yake. Sisi tunamwita Rais Samia, au Mama Samia, na hakuna anayeona kuwa amevunjiwa heshima. Magazeti ya Ulaya na Marekani huandika "Rais Hassan", maana kwao jina la mwisho ndilo la familia. Kwa hesabu yetu, hapo ametajwa babu. Mume wake ni Hafidh Ameir, na binti yao aliyeingia kwenye siasa anaitwa Wanu Hafidh Ameir. Mama na binti hawana hata jina moja la pamoja, na Mzanzibari hashangai, kwa sababu kila mmoja amemtaja baba yake na babu yake.

Huo ndio mpango wa pwani. Zamani ungesikia "bin" na "binti" katikati. Siku hizi tumeyaangusha maneno hayo, mpangilio ukabaki. Shaaban Robert, aliyezaliwa 1909 huko Vibambani, Tanga, alikuwa Muislamu, na Robert lilikuwa jina la baba yake. Huko nyuma ungemkuta ameandikwa Shaaban bin Robert, na hapo hakuna fumbo tena.

Uzuri wa mpango huu ni kwamba jina linatembea. Mzee Abeid Amani Karume, Rais wa kwanza wa Zanzibar, alimwita mwanawe Amani. Akawa Amani Abeid Karume, naye akaja kuwa Rais kuanzia mwaka 2000 hadi 2010. Amani alimzaa Abeid, Abeid akamzaa Amani. Jina la babu halikuachwa mwishoni mwa karatasi. Lilirudi mbele, likaitwa tena ndani ya nyumba, mtoto akatumwa dukani kwa jina hilo.

Sasa twendeni Butiama. Chifu wa Wazanaki, Nyerere Burito, alizaliwa wakati viwavi vimevamia mashamba, na "nyerere" kwa Kizanaki ni viwavi hao. Mwaka 1922 akazaliwa mwanawe, siku ya mvua, akapewa jina la mzimu wa mvua: Kambarage. Mtoto huyo alibatizwa Julius mwaka 1943, na ulimwengu ukamjua kama Julius Kambarage Nyerere. Angalieni kilichotokea hapo. Viwavi lilikuwa tukio la kuzaliwa kwa mtu mmoja. Mvua lilikuwa tukio la mwingine. Kila jina lilikuwa habari ya siku moja katika kijiji kimoja. Lakini lile la viwavi ndilo lililoganda: likabebwa na Julius, na ndugu zake, na watoto wake, na wajukuu waliozaliwa Dar es Salaam ambako mashamba yenyewe hayaonekani.

Waliogandisha ni nani? Ni makarani. Kitabu cha ubatizo, rejista ya shule, stakabadhi ya kodi: vyote vilihitaji jina ambalo karani atalikuta lilelile mwaka ujao na kwa mtoto ajaye. Simlaumu karani, alikuwa na kazi yake. Ila sisi tuliopokea ule utaratibu tukauita "ukoo" tulipaswa kuuliza kidogo.

Mfano mkubwa kuliko wote uko ng'ambo ya pili ya ziwa. Kwa Wajaluo, Onyango ni mtoto wa kiume aliyezaliwa asubuhi jua likishapanda, Otieno ni wa usiku, Okoth ni wa mvua. Wasichana ni Anyango, Atieno, Akoth. Babu yake Barack Obama alikuwa Onyango, mwana wa Obama. Aliposilimu akaitwa Hussein. Kama jina lingetembea kwa namna ya zamani, huyo aliyekuwa Rais wa Marekani asingekuwa Obama. Obama lilikuwa jina la baba wa babu yake, mkulima wa Unyanza. Liliganda njiani, likafika Washington.

Nisieleweke kwamba hatuna majina ya ukoo kabisa. Tunayo. Mchaga akisema yeye ni Mushi, Massawe au Lyimo, hapo ametaja ukoo hasa, na wazee watauliza hilo kabla ya posa. Pwani kuna Mazrui, waliotawala Mombasa hadi 1837, na Nabhani wa Pate. Kwa watu hawa nafasi ya tatu inajazwa bila shida. Kwa Wanyarwanda na Warundi ni kinyume kabisa: desturi ni kila mtoto kupewa jina lake, ndugu wa baba na mama mmoja wasifanane hata kidogo. Afisa wa uwanja wa ndege wa Ulaya hulitazama kundi hilo kwa mashaka.

Wakikuyu wana njia ambayo mimi naipenda kuliko zote, kwa sababu haimsahau mama. Mvulana wa kwanza hupewa jina la baba wa baba, wa pili jina la baba wa mama. Wasichana vivyo hivyo kwa mabibi zao. Jomo Kenyatta alikuwa mwana wa Muigai. Kenyatta lenyewe alijichagulia ukubwani. Mwanawe wa kwanza wa kiume kwa Mama Ngina ni Uhuru Muigai. Wa kiume anayemfuata ni Muhoho, jina la baba yake Mama Ngina. Uhuru naye akawaita wanawe Jomo na Ngina. Kwa hiyo hata ndani ya familia iliyokubali jina la mwisho lisilobadilika, jina la kwanza na la kati yanaendelea na mzunguko wao.

Nimewaweka wanawake karibu na mwisho, na ndiko ninakotaka kukaa kidogo. Kwenye minyororo yetu mingi ya majina mama hayumo. Baba, babu, baba wa babu, basi. Kisha kanisa na serikali ya mkoloni vikaleta desturi ya mke kubeba jina la mume, hivyo hata la baba yake likafutwa. Pwani hilo halikushika. Mwanamke alibaki binti fulani hadi kaburini.

Mkumbukeni Siti binti Saad. Alizaliwa Fumba, Unguja, karibu na mwaka 1880, wazazi wake wakiwa katika utumwa, na jina alilopewa ni Mtumwa. Hebu fikirini mama anamwita mwanawe kutoka uwanjani: "Mtumwa! Njoo!" Alikua akiuza vyungu huku akiimba, akahamia mjini mwaka 1911, akajifunza taarabu. Huko ndiko alikopata jina Siti, yaani bibi mwenye heshima. Mwaka 1928 alikwenda Bombay kurekodi santuri, na zilipouzwa pwani nzima zilikuwa na jina lake jipya pamoja na lile la zamani la baba yake. Jina la utumwa alilivua. La Saad, mtu aliyeishi utumwani, alilibeba hadi kwenye santuri, na ndiyo sababu tunamjua leo.

Mseme mtakavyo, mimi naona pale binti mmoja alifanya uamuzi ambao makarani hawakuwahi kutuuliza kama tunautaka.

Kwa hiyo wazazi vijana, mnapokwenda kuandikisha mtoto, zungumzeni kwanza nyumbani. Mnataka jina la tatu litembee, au likae? Yote mawili yanaruhusiwa na yote yana faida zake. Likikaa, mtoto hatasumbuliwa kwenye vyeti. Lakini likikaa, tafuteni daftari. Andikeni lilikuwa la nani, na siku aliyozaliwa kulikuwa na nini: masika, njaa, pacha, Ijumaa, viwavi. Kuna watu wanaitwa Shida au Mashaka kwa jina la mwisho, na hakuna nyumbani anayejua ilikuwa shida gani. Upande wa pili wa ukurasa andikeni mama zenu, na mama zao, maana hao hakuna fomu inayowauliza. Bibi wa kuwajibu bado yuko hai kwa wengi wenu. Mpigieni simu wiki hii.

Ahsanteni sana. Nipo hapa kwa maswali.