Nguo za Sunako: filamu bubu ya bandari ya Yokohama

Haya karibuni, waliosimama mlangoni sogeeni huku mbele viti bado vipo.

Filamu ya leo ni Minato no Nihon Musume, yaani wasichana wa Kijapani wa bandarini, ya mwongozaji Hiroshi Shimizu, imetoka 1933 na haina sauti, japo Japani walishatengeneza filamu ya kuongea tangu 1931. Filamu bubu zilidumu sana kule na sababu moja kubwa ni benshi, msimulizi anayekaa pembeni ya skrini anawasemea waigizaji wote, kama umewahi kumsikia Lufufu, yule mtafsiri wa filamu kwa Kiswahili, kwenye kibanda umiza cha video basi benshi umeshamwelewa.

Sunako na Dora ni mashosti, wanatoka shule na sare zao za kizungu, wanasimama kilimani kuangalia meli. Yokohama hiyo, bandari iliyofunguliwa kwa wageni 1859, kwahiyo kanisa, pikipiki na majina kama Henry vyote ni vya nyumbani. Sunako anampenda Henry, Henry anahamia kwa Yoko, Sunako anawafuata kanisani na bastola. Kamera haimsogelei taratibu, inaruka, kila mruko uso unakuwa mkubwa zaidi, mpaka leo nikiiona nashika kiti.

Sasa hapa nawaomba mniangalizie nguo. Tumezoea hadithi kwamba binti akivaa kizungu amepotea, akirudi kwenye vazi la asili ameokoka, si ndio? Shimizu kageuza. Sunako anavaa kimono akiwa ameshaanguka, anauza mwili kwenye miji ya bandari, na Dora aliyeolewa na Henry ndo yuko kwenye nyumba ya kisasa anafuma sweta. Yaani kimono imekuwa sare ya kazi, na mimi naona hapo ndo kuna uchungu wa filamu nzima, kwamba huyu binti mila haimpokei na usasa umeshamtema. Sunako anapokuja kuwatembelea anacheza dansi na Henry, uzi wa Dora unawazonga miguuni, hakuna anayesema kitu na haihitajiki.

Mwisho Sunako anapanda meli na mchoraji anayeishi naye. Picha alizochorwa zinatupwa baharini, zinaelea nyuma ya meli.

Haya tuzime taa tuiangalie.