Mvuke wa Usiku, Boda za Mchana

Wazee wetu, akina mama wa omena, na nyinyi vijana wa boda mlioacha steji kuja kunisikiliza, asanteni. Kila dakika mnayokaa hapa kuna abiria anachukuliwa na mwenzenu, kwa hivyo sitazunguka: nimekuja kuwaeleza habari za boda za umeme hapa Kisumu.

Tuanze na miguu. Kina mama, nani hapa hana alama ya ekzosi kwenye shavu la mguu? Mnacheka! Lakini joto lililokuchoma lilinunuliwa. Kwenye injini ya petroli, karibu robo tatu ya nguvu ya mafuta huishia kuwa joto tu. Ukitia petroli ya shilingi 400, kama 300 hivi zimepasha moto injini, ekzosi na hewa ya Kondele. Mota ya umeme haina ekzosi, na sehemu kubwa ya stima inayoingia hufika kwenye gurudumu.

Tena petroli yenyewe si yetu. Hushushwa melini Mombasa, ikasukumwa kwa bomba hadi Nairobi, Nakuru, Eldoret na hapa Kisumu, na imelipiwa kwa dola. Watu wakipigana huko Ghuba ya Uajemi yanakotoka mafuta, nauli inapanda Nyalenda.

Najua mtaniuliza: si stima nayo inatengenezwa kwa dizeli? Kidogo tu. Karibu asilimia 90 ya umeme wa Kenya hutokana na mvuke wa ardhini, maji, upepo na jua. Mvuke ndio unaoongoza: Olkaria, kule Naivasha, imekuwa ikizalisha tangu 1981. Jirani yetu, mtambo wa Sondu Miriu, ana megawati 60 za maji. Mafuta huingia hasa jioni, kila nyumba inapowasha taa na televisheni kwa pamoja. Pale Muhoroni uliwekwa mtambo wa kuchoma mafuta kwa sababu nyaya za kuleta umeme upande huu zilikuwa dhaifu. Ukinunua tokeni, soma ule ujumbe hadi mwisho: gharama ya mafuta imo.

Sasa sikilizeni jambo linaloninyima usingizi. Saa nane za usiku, sisi tumelala na viwanda vingi vimezima. Kisima cha mvuke hakifungwi na kufunguliwa kama mfereji wa jikoni, kwa hivyo mvuke mwingine huachiliwa tu upae angani. Nguvu ya bure, inapeperuka! Na saa hizo hizo boda yako imeegeshwa, haina kazi. Tangu 2023 kuna bei maalumu ya kuchaji vyombo vya usafiri vya umeme, na usiku inashuka kwa nusu. Betri zikichajiwa wakati huo, zitatumia hasa mvuke huo, si dizeli.

Sisemi uuze pikipiki ambayo bado unailipia mkopo. Huo ni wendawazimu. Na anayebeba watu hadi ndani kabisa Bondo, ambako hakuna pa kubadilishia betri iliyoisha upewe iliyojaa, asubiri kwanza. Nawasema nyinyi wa mjini, mnaozunguka Kondele, Kibuye na Mamboleo kutwa.

Wavuvi wa Dunga wanaelewa haya kunizidi. Waliotoka kwenye karabai ya mafuta taa wakaenda ziwani na taa ya sola wanajua hesabu ya asubuhi inavyobadilika.

Betri nimeibeba, iko chini ya meza. Njooni muiinue kwanza mjue uzito wake, halafu tuanze maswali.