Pima, Dhiraa, Shibiri: Ufuo wa Kisiwa cha Mizizini

MPWA: Hamjambo wasikilizaji, karibuni tena barazani kwetu, Langoni, Lamu. Shikamoo, mjomba.

MJOMBA: Marahaba, mwanangu. Leo naambiwa twenda hadi nchi isiyokuwako.

MPWA: Mizizini, kisiwa cha hadithi ninayoiandika. Kina majini, kina wachawi, na kina chuo. Somo kubwa chuoni ni jiometri ya fraktali, elimu ya maumbo ambayo kipande chake kidogo hufanana na umbo zima, ila wenyewe wanaiita Elimu ya Mikunjo. Inaanza na kesi. Vijiji viwili vinagombania ufuo, kadhi anatuma watu wawili wakaupime. Wa pili anarudi na hesabu inayoizidi ya mwenzake kwa mbali, na kila mmoja anaapa.

MJOMBA: Basi mmoja mwongo.

MPWA: Hakuna mwongo. Wa kwanza alipima kwa pima, urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa, wa pili kwa shibiri, upana wa kiganja kilichotanuliwa.

MJOMBA: Ngoja. Shibiri mbili dhiraa, dhiraa nne pima. Ukuta wa pima 10 ni shibiri 80, uupime asubuhi, uupime jioni.

MPWA: Ukuta, sawa. Lakini ufuo una vihori, vighuba vidogo. Kamba ya pima inakiruka kihori, shibiri inaingia ndani na kutoka. Kila ukipunguza kipimo unaokota pembe ulizozipita. Na haya yametokea kweli. Mwanasayansi Mwingereza Lewis Fry Richardson alikuta mpaka wa Hispania na Ureno umeandikwa kilomita 987 mahali pamoja na 1,214 mahali pengine. Mpaka ule ule! Mwanahisabati Benoit Mandelbrot akalishika jambo hilo mwaka 1967 akiuliza urefu wa pwani ya Uingereza, na mwaka 1975 akayapa maumbo ya namna hii jina la fraktali.

MJOMBA: Sasa kadhi wako atahukumu vipi?

MPWA: Mwanafunzi mmoja anachora mchangani. Mstari wa pima 27. Anaugawa sehemu tatu, anatoa ya kati, mahali pake anasimamisha vipande viwili vya urefu ule ule, kama paa. Sasa ana vipande 4 vya pima 9, jumla 36. Kila kipande anakifanya vivyo hivyo: 16 vya pima 3, jumla 48. Akirudia tena, 64 vya pima 1.

MJOMBA: Kutoka 27 hadi 64, na ncha zake hazijasogea.

MPWA: Hazijasogea hata kidogo. Mstari huo ni wa Helge von Koch, mwanahisabati Mswidi, wa mwaka 1904. Ukiendelea nao, urefu hauna kikomo. Kwa hiyo wasomi wa Mizizini wanaacha kuuliza urefu, wanauliza swali jingine: nikikigawa kipimo kwa tatu, idadi ya vipande inaongezeka mara ngapi? Uzi ulionyooka, mara 3, ile tatu moja tu, basi namba yake 1. Mkeka, mara 9, yaani tatu mara tatu, basi namba yake 2. Mstari huu, mara 4. Namba yake iko kati ya uzi na mkeka, kiasi cha 1.26, nayo haibadiliki utumie kamba gani. Kadhi naye anaamuru ufuo wote upimwe kwa kamba moja, na kamba yenyewe itajwe kwenye hati.

MJOMBA: Hukumu nzuri. Mimi umenikumbusha mikoko. Maji yakikupwa, inama chini ya mkoko utazame. Mguu unatoka shinani, unajipinda, unapasuka miwili, na kila mmoja unapasuka tena, hadi vile vyembamba kama kidole vinazama topeni, chaza wameng'ang'ania. Miti ya mikoko sisi tunaitenga kwa unene: nguzo, boriti, mazio, pau, fito. Mpasuko wa mizizi ni ule ule, mkubwa kwa mdogo.

MPWA: Jina la kisiwa nimelitoa hapo hapo! Ila mkoko una mwisho wake, mjomba. Ukishuka sana unakuta ganda na tope. Mstari wa Koch ndio usioisha. Na ndiyo maana nimewanyima wachawi nguvu juu ya elimu hii. Hadithi nyingi humpa mchawi kila kitu, elimu ikabaki pambo. Mchawi wa Mizizini anaweza kuita upepo, lakini hawezi kuufanya ufuo uwe na urefu mmoja.

MJOMBA: Na inawafaa nini?

MPWA: Wanajenga kuta za bandari zenye mikunjo ndani ya mikunjo, ili wimbi livunjike kidogo kidogo.

MJOMBA: Hilo nimeliona kwa macho. Nje bahari imechafuka, ukiingiza mashua mkondoni kati ya mikoko, maji yametulia. Lakini wewe, ufuo wa kweli umewahi kuupima kwa mkono?

MPWA: Bado.

MJOMBA: Kesho bamvua, maji yatakupwa sana. Kamba ya pima ninayo, nitakata na ya dhiraa. Tuvuke hadi kisiwa cha Manda, tuanzie penye mikoko.

MPWA: Na shibiri?

MJOMBA: Shibiri ni mkono wako, mwanangu. Vaa viatu, chaza wanakata.