Mmea Hauna Miguu: Kutunga Mimea ya Wakati ya Sayari Nyingine

Walionisikia zamani wanivumilie, maana wimbo wangu ni uleule. Kila mwaka naletewa miswada. Sayari ya mbali, majua mawili, ua la zambarau. Shujaa analinusa, mara yuko utotoni kwao. Haya, ua limefaidi nini? Hapo mwandishi ananyamaza. Mmea haufanyi kazi ya bure, hata wa kubuni.

Mnyama akibanwa na ukame huhama. Mmea hauna miguu, hivyo hauhami mahali, huhama wakati. Huacha mbegu, mbegu hungoja mpaka mambo yatengemae.

Sasa tende zangu. Najua mmezisikia, mtazisikia tena. Masada ni ngome juu ya jabali, karibu na Bahari ya Chumvi. Miaka ya 1960 wachimbuaji walikuta humo kokwa za tende zenye umri wa karibu miaka 2,000. Zikatiwa akibani, hakuna aliyefikiria kuziotesha. Baadaye daktari Sarah Sallon akafanikiwa kupata chache, na mwaka 2005 mtaalamu wa kilimo Elaine Solowey akazipanda huko Ketura, jangwani, Israeli. Zilipandwa tatu, ikaota moja! Wakauita mche huo Methusela. Lakini nyie wa pwani mnaujua mtende: kuna dume na kuna jike, na dume hauzai. Methusela ukawa dume. Umelala miaka 2,000, umeamka, huna mke! Chekeni, lakini hadithi iko hapo hapo. Ikabidi zioteshwe kokwa nyingine za kale, hadi ukapatikana jike, ukaitwa Hannah, na mwaka 2020 ukazaa kwa chavua ya Methusela. Watu wakala tende ambazo kokwa za wazazi wake zilikomaa kabla Kilwa haijajengwa. Nionyesheni mswada wenye safari ya wakati kama hiyo.

Najua atakayesema, “Mwalimu, huko ni kusubiri tu, si kuchezea wakati.” Kwa nani? Kwako uliyekuwa macho. Kwa kokwa, jana ilikuwa Masada. Na kama unataka wakati urudi nyuma kabisa, sikukatazi. Mwandishi Mwingereza J. G. Ballard alitunga mwaka 1962 hadithi ya bustani ambayo ua likichumwa wakati hurudi nyuma, na kundi la watu linalokuja kuivamia husogezwa mbali. Kinachotisha ni kwamba maua yanakwisha. Kila nafuu inapunguza bustani. Ua lako la zambarau linapunguza nini?

Tuharakishe. Mwaka 1729 mwanasayansi Mfaransa de Mairan aliufungia gizani mmea, inaaminika ni kifauwongo. Majani yakaendelea kufunguka na kujifunga kwa saa zake, bila jua. Maana yake saa imo ndani. Sasa upelekeni huo mmea Proxima b, sayari iliyotangazwa mwaka 2016. Huizunguka nyota yake kwa siku 11 hivi, na huenda uso mmoja tu ndio unaoitazama nyota daima. Hakuna alfajiri, hakuna magharibi. Saa ya ndani itahesabu nini? Nyota yenyewe hufoka miale mikali mara kwa mara. Basi tungeni jani linalojikunja kabla mwale haujatoka, na kijiji kinacholitazama jani hilo. Je, linajua kesho, au linahesabu vizuri kuliko sisi? Msilijibu swali hilo ukurasa wa kwanza, nawasihi.

Uvutano nilitaka kuueleza kwa kirefu, sasa naonyeshwa saa. Kwa kifupi, uvutano ukizidi, wakati hupita polepole: mwaka 2010 huko Marekani wanasayansi walipima saa mbili za atomiki, zile zilizo sahihi mno, moja imeinuliwa sentimita 33 juu ya nyingine, na ya juu ikaenda kasi zaidi, kidogo mno. Kwa hiyo wekeni mti mrefu kwenye sayari yenye uvutano mkali kupindukia: kilele kinaizidi mizizi umri, na maji yanayopanda shinani yanapanda kutoka jana. Wazo hilo chukueni bure. Haya, maswali mawili tu, ukumbi una wenyewe.