Kutoka Jukwaa la Taarab Hadi Nyuma ya Kamera

Assalaam alaykum, wenzangu.

Sisi tuliolelewa na taarab tumezoea kuangaliwa. Ukumbi umejaa, bashraf, ule muziki wa ufunguzi usio na maneno, inapigwa, nawe umeshajipamba na shairi umelihifadhi. Ukifika ubeti uliomgusa mtu, huinuka akaja kukutunza pesa, na hapo hapo unajua wimbo umefika. Nyuma ya kamera hakuna wa kukutunza. Hilo ndilo gumu la kwanza kwa msanii anayeingia kwenye filamu za makala, na wengi limewarudisha.

La pili ni zito zaidi. Mwimbaji amependa mwenyewe kupanda jukwaani. Mama anayelima mwani pale Paje, Unguja, hakupanda jukwaa lolote. Yeye yuko kazini. Kazi yake inakwenda na bamvu, siku za maji makubwa: maji yakitoka mbali, kina mama wanashuka na kamba na mbegu, yakijaa wanarudi ufukweni. Huwezi kumwambia afunge tena kamba ile ile kwa kuwa jua liliingia mawinguni. Anayejipanga ni wewe. Utakwenda mapema kwa sheha, kiongozi wa mtaa, utakaa na kina mama bila ya kamera, utauliza maji yanatoka saa ngapi. Na maikrofoni uivishe manyoya yake, maana upepo wa pwani ya mashariki utakula kila neno.

Hapo ndipo taarab inapotufaa. Mwimbaji wa taarab anajua kungoja. Fidla na kanuni, ile ala ya nyuzi nyingi, zinajibizana, naye yupo kimya, haingii mpaka zimpishe. Basi mama akishataja bei anayouzia mwani mkavu, kisha akanyamaza, usimrushie suali jengine. Mwache. Mara nyingi alilokuwa nalo moyoni linakuja baada ya kimya kile, na ukikizoea utakuwa umeshawapita wengi waliosomea kamera.

Mtaniuliza kwa nini nilihama jukwaani nikashika kamera. Siti binti Saad, mwimbaji wetu wa taarab wa zamani, alikwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi santuri, ndiyo maana sauti yake tunayo mpaka leo. Bi Kidude, naye mwimbaji wa taarab, aliyefariki Aprili 2013, tunayo sauti yake na tunamwona pia: anavyotembea, anavyovuta sigara, anavyopiga ngoma, kwa sababu kamera zilimfuata mpaka mtaani. Mimi nilitaka watu wa kwetu wasiojulikana nao waonekane hivyo, mikono yao na nyuso zao, wakiwa hai.

Lakini si kila kitu ni cha kuonyeshwa. Bi Kidude alikuwa somo wa unyago, yaani mwenye kuwafunda wari, na alichokitoa jukwaani katika unyago alikitoa kwa hiari yake. Haki hiyo ilikuwa yake, hakunirithisha mimi. Wapo wanaoniuliza kwa nini kwenye filamu yangu ngoma ya ndani ya unyago inasikika kwa mbali tu, mlango umefungwa. Wenyewe niliwaomba, wakasema hapana. Nikazima kamera, nikabaki nje mpaka walipomaliza.